Kabla ya kulilia bajeti, watazame filamu za Sembène

Mhariri,

Kurasa zako za burudani hazikosi kilio cha watayarishaji wetu wa filamu: bajeti hakuna, ndiyo maana kazi ni duni. Fedha ni shida kweli, sibishi. Ila wangemtazama kwanza Ousmane Sembène wa Senegal.

Huyu alizaliwa Ziguinchor mwaka 1923, akafanya kazi ya kuli bandarini Marseille, kisha akawa mwandishi wa riwaya kwa Kifaransa. Jina alishalipata. Lakini watu aliowaandika hawakuweza kumsoma, basi akaenda Moscow kusomea filamu akiwa anakaribia miaka 40.

Mwaka 1963 akatoa Borom Sarret, ya dakika 20 hivi. Mtu ana farasi na mkokoteni, anahangaikia riziki Dakar. Anampeleka abiria mtaa wa wakubwa, ambako mikokoteni ni marufuku, na askari anamsimamisha. Akitoa karatasi zake, medali yake inadondoka. Askari anaikanyaga kwa kiatu, anaendelea kuandika. Hapo pana bajeti gani?

Mandabi, ya mwaka 1968, aliipiga kwa Kiwolofu. Mzee ametumiwa hawala ya posta ya faranga 25,000 na mpwa wake aliye Paris. Posta wanataka kitambulisho. Kitambulisho kinataka cheti cha kuzaliwa na picha. Na kabla hajashika hata senti, majirani wameshapanga foleni kumkopa. Nani kati yetu hajaambiwa "njoo kesho" dirishani?

Serikali ilimzuilia filamu ya Ceddo, hakunyamaza. Akiwa na miaka 81 alikwenda Cannes na Moolaadé, inayohusu ukeketaji, akarudi na tuzo. Ukeketaji, mhariri, ambao Tarime hawahitaji kusimuliwa.

Sisi tunaoneshwa nini? Jumba la kukodi Mbezi Beach, ngazi za marumaru, tajiri akipokea simu huku mkewe akilia sofani. Bodaboda aliyekamatiwa pikipiki yake yupo nje ya geti hilohilo, kamera haimgeukii. Waigizaji wetu, kusema kweli, wanaweza. Wanapewa visa vya watu wasiowafahamu.

Mwandishi wako akikutana tena na mtayarishaji anayelalamikia bajeti, amuulize jumba alilikodi kwa shilingi ngapi kwa siku.

Mpenzi wa filamu,
Temeke, Dar es Salaam