Wasikuharakishe, swahiba

Swahiba wangu mpendwa,

Salamu nyingi, na hongera. Nimefurahi kupita kiasi kusikia kwamba tamthilia yako imepata kituo cha kuirusha. Lakini pale uliposema wanataka ianze kuonyeshwa upesi, na waigizaji wengine hata hawajapatikana, moyo ulinipiga paa. Ndiyo maana nakuandikia habari za Eldorado, ile tamthilia ya BBC ambayo Waingereza huikumbuka kila programu ya televisheni inapoanguka vibaya.

Ukitazama waliokuwa nyuma yake, huwezi kuamini kwamba ilianguka. Julia Smith na Tony Holland ndio walioibuni EastEnders, tamthilia nyingine ya BBC, iliyoanza mwaka 1985 na kuiteka Uingereza. Kampuni iliyopewa kazi ilikuwa ya Verity Lambert, mtayarishaji wa kwanza wa Doctor Who, tamthilia maarufu ya BBC ya msafiri wa nyakati. Fedha zilizotengwa zilikuwa pauni milioni 10. Kijiji kizima kilijengwa karibu na mji wa Coín, katika mkoa wa Málaga, kusini mwa Hispania, kikapewa jina la kubuni la Los Barcos. Hata saa waliyopewa ni ya kuililia: saa 1 jioni, Jumatatu, Jumatano na Ijumaa, nafasi iliyokuwa ya kipindi cha mazungumzo cha mtangazaji maarufu Terry Wogan. Kipindi cha kwanza kilirushwa tarehe 6 Julai 1992.

Ujuzi ulikuwepo, fedha zilikuwepo. Kilichokosekana ni muda. Matayarisho yalikwenda mbio, na mbio zile zinaonekana kwenye skrini, au niseme zinasikika, maana sauti ndiyo iliyowaumbua kwanza. Nyumba za Los Barcos hazikuwa kuta za mbao za studio ambazo fundi anazisogeza anavyotaka. Zilikuwa majengo hasa, kuta ngumu pande zote. Mtu akizungumza sebuleni, maneno yanagonga ukuta na kurudi, na mwangwi ule unaingia kwenye maikrofoni pamoja na maneno yenyewe. Wewe unayekesha ukitafuta neno moja la kumfaa mhusika, hebu fikiria neno hilo linamfikia mtazamaji likiwa limemezwa na ukuta! Hatakaa kutega sikio. Atabadilisha kituo.

Halafu kuna suala la lugha. Los Barcos ilikuwa na Waingereza, Wahispania, Wajerumani, Wafaransa na watu wa Skandinavia, na mara nyingine walizungumza lugha zao bila maandishi ya tafsiri chini ya skrini. Mimi nia ile naipenda kwa dhati. Soko moja la Ulaya lilikuwa karibu kufunguliwa, Januari 1993, na watu hawa walitaka kuonyesha majirani wa lugha mbalimbali wakigombana na kupendana kama watu wa mtaa mmoja. Wazo zuri namna hiyo lilihitaji kumshika mkono mtazamaji mpaka azoee. Wao walimwacha aelee.

Waigizaji siwalaumu hata kidogo. Kadhaa walikuwa wageni kabisa katika kazi hiyo, na wakatakiwa kujifunza mbele ya mamilioni ya watu, mara tatu kwa wiki, huku magazeti yakiwararua. Mmoja alikuwa yule binti aliyeigiza Fizz, msichana wa miaka 17 aliyeolewa na Bunny, mwanamume wa umri wa baba yake. Hadithi nzito kama ile inadai mazoezi ya muda mrefu, mpaka aibu na hofu vionekane machoni pa mhusika na si machoni pa mwigizaji. Nikiitazama leo bado naona uchungu kwa niaba yao.

Sasa nisikilize hapa, kwa sababu hapa ndipo ninapoumia zaidi. Eldorado ilitengemaa! Julia Smith aliondoka mapema, Corinne Hollingworth akashika usukani. Wahusika wasiokwenda popote waliondolewa, sauti ikarekebishwa, na hadithi ikamsogelea Marcus Tandy, yule tapeli mwenye mvuto aliyeigizwa na Jesse Birdsall. Tangu hapo unataka kujua kesho kutatokea nini, na tamthilia ya kila wiki haiwezi kuishi bila hamu hiyo. Watazamaji wakaanza kuongezeka. Lakini BBC One, chaneli iliyokuwa ikiirusha, ilikuwa imepata mkuu mpya, Alan Yentob, na Machi 1993 ikatangazwa kwamba itafutwa. Kipindi cha mwisho kilikuwa tarehe 9 Julai 1993, mwaka mmoja na siku chache tu baada ya ufunguzi. Marcus ananusurika bomu lililotegwa kwenye gari, kisha anaondoka kwa mashua pamoja na mpenzi wake Pilar. Ni mwisho mzuri, umeandikwa na watu waliokwisha kuijua tamthilia yao. Jumla vilirushwa vipindi 156.

Kwa hiyo usiogope kuomba. Kabla tarehe ya kuanza haijatangazwa, dai wiki za mazoezi na kipindi cha majaribio ambacho hakitarushwa, mkitazame nyote na kukikosoa bila huruma. Dai skripti za kutosha ziwe zimeandikwa mapema kabla ya kurekodi, ili siku mwigizaji akiugua usilazimike kuandika usiku kucha. Na kwenye mkataba waandike wazi ni vipindi vingapi watakuvumilia kabla ya kuhesabu watazamaji. Hilo la mwisho watalipinga. Ling'ang'anie kuliko yote.

Nitumie skripti za vipindi vitatu vya kwanza nizisome, hata kama ni rasimu. Na kabla hujatia saini, waulize nani atarekodi sauti na wapi, kisha uende ukapaone mwenyewe, ukasimame katikati ya chumba na kusema kwa sauti sentensi moja ya mhusika wako yule mama mkwe wa kipindi cha pili.

Wako akupendaye daima.