Wito wa Harambee: Paa na Chumba cha Watoto Njiti, Newala

Assalaam aleikum. Bwana Yesu asifiwe. Shikamooni wazee wetu, na habari zenu ndugu wote mlioko nyumbani na mliotawanyika Dar, Masasi, Mtwara mjini na kwingineko.

Tunaandika kwa haya, maana si mara ya kwanza kuwagongea mlango. Matofali ya wodi ya wazazi mliyafyatua ninyi, na uzio wa kituo chetu cha afya mliuweka kwa fedha za korosho. Mungu awalipe. Lakini stoo ya zamani, ambamo sasa wanakaa akina mama wenye watoto njiti, yaani waliozaliwa kabla ya wakati, paa lake limekwisha. Mvua zilizopita vitanda vyote vitatu vilisukumwa kwenye kona moja, na beseni likawekwa pale kilipokuwa kitanda cha pili. Sasa mvua hakuna, ila ni Julai, na kipupwe cha Newala mnakijua. Bati tupu, halina dari. Saa kumi alfajiri mama amekaa kwenye kiti cha plastiki, mgongo ukutani, mtoto wa kilo 1.6 amefungwa kifuani kwa kitenge, na ukungu unaingia kwa juu ya ukuta.

Wapo watakaouliza, mtoto akifunikwa vizuri baridi itamfanya nini? Mafuta ya mwili yanayomtia mtoto joto hujengeka zaidi wiki za mwisho za mimba. Aliyezaliwa wiki ya 33 hakuyapata ya kutosha. Ngozi yake ni nyembamba, kichwa ni kikubwa kwa mwili wake, joto linatoka haraka kuliko analolitengeneza. Likishuka chini ya nyuzi 36.5 anaanza kuchoma sukari kidogo aliyonayo na kuhitaji oksijeni zaidi. Sukari ikiisha analegea, hanyonyi, na mwisho anasahau kupumua. Blanketi halimtoshi, kwa sababu blanketi hutunza joto lililopo, halitengenezi jipya. Kifua cha mama kinatengeneza.

Ndiyo maana tunataka chumba cha huduma ya kangaruu, yaani mtoto kukaa kifuani kwa mama ngozi kwa ngozi, si wodi ya kawaida yenye blanketi nyingi. Utafiti uliochapishwa mwaka 2021, uliofanyika Ghana, India, Malawi, Nigeria na hapa kwetu Tanzania, uliwafuata watoto wa kuanzia kilo 1 hadi chini kidogo ya kilo 1.8. Waliowekwa kifuani mara tu baada ya kuzaliwa, bila kungoja kwanza hali itulie, vifo vyao ndani ya siku 28 vilikuwa asilimia 12. Waliosubiri, asilimia 15.7. Lakini kifua hicho kinatakiwa kukaa na mtoto saa nyingi, 8 hadi 24 kwa siku. Mtoto amesimama wima, miguu kama ya chura, shavu kifuani kwa mama, ukingo wa kitenge uishie chini kidogo ya sikio ili shingo isipinde na njia ya hewa isizibe. Mama hawezi kulala chali hivyo; anatakiwa aegemee. Kwenye kiti cha plastiki anavumilia saa mbili, kisha anamlaza mtoto pembeni. Hatumlaumu.

Wapo pia waliopendekeza jiko la mkaa humo ndani. Hapana. Moshi wa mkaa usioonekana unaua watu wazima, sembuse njiti.

Tuseme na jambo la mizani, kwa sababu wengi wanadhani kilo ndizo zinazosema kila kitu. Watoto wawili wanaweza kuzaliwa siku moja, wote wana kilo 1.9, wote wako chini ya 2.5 tunayoita uzito pungufu, na bado wakawa na matatizo tofauti kabisa. Wa kwanza ni wa wiki 33. Huyo ukubwa wake unalingana na umri wake, ila viungo havijakomaa: nyayo ni laini hazina mikunjo mingi, sikio ukilikunja linachelewa kurudi, mapafu yanaweza kugoma, na hajajua kunyonya, kumeza na kupumua kwa mpangilio, jambo linalokuja karibu na wiki ya 34. Ukimlazimisha chupa, maziwa yanaingia mapafuni. Wa pili ni wa wiki 38. Mapafu yamekomaa, ngozi imelegea kama nguo kubwa, macho yako wazi, ananyonya kwa uchu. Yeye alikosa chakula tumboni, mara nyingi kwa sababu kondo la nyuma halikufanya kazi vizuri: malaria, upungufu wa damu, shinikizo la damu. Hatari yake kubwa ni sukari kushuka saa za mwanzo, kwa hiyo ni titi ndani ya saa ya kwanza na kupimwa sukari, si mrija. Mbaya kuliko wote ni yule aliye njiti na bado mdogo kuliko wiki zake. Huyo amebeba mizigo yote miwili.

Sasa, wiki tunazijuaje? Hapa kwetu mama anaulizwa hedhi ya mwisho anajibu, "Walipokuwa wanapuliza salfa." Salfa, dawa ya mikorosho, hupulizwa miezi kadhaa! Kosa la wiki nne linamgeuza mtoto wa wiki 34 kuwa wa 38, na anaruhusiwa kwenda nyumbani siku ya pili. Sindano ya kukomaza mapafu nayo, deksamethasoni miligramu 6 kila baada ya saa 12 mara nne, ni ya mimba ya wiki 24 hadi 34 ambapo mama kweli anakaribia kujifungua, tena hospitalini. Mimba iliyokwisha komaa haiihitaji, na sindano hiyo inaweza kumshushia mtoto sukari. Kwa hiyo akina baba, mwenye bodaboda na asiye nayo, mpelekeni mwenzenu kliniki ndani ya miezi mitatu ya kwanza, na apimwe utrasaundi kabla ya wiki ya 24. Dozi za SP za kuzuia malaria zinaanza baada ya miezi mitatu, kila moja mwezi mmoja baada ya nyingine, zisipungue tatu. Hilo halihitaji mchango wa mtu.

Mchango unahitajika hapa. Chumba kitakuwa cha vitanda sita vyenye kichwa cha kuinuka, Sh 3,000,000. Paa jipya, mabati ya geji 28, kofia, mbao na misumari, Sh 4,200,000. Dari, mlango na madirisha yanayofunga, 2,100,000. Tangi la lita 10,000 na mifereji ya kuvuna maji ya paa, 2,700,000; uwanda wa Makonde hauna maji ya kuchezea, na mikono isiyonawa ndiyo inayowaletea njiti maambukizi ya damu. Sola na betri, 6,200,000. Hii imewashtua baadhi ya wajumbe, ila mashine ya oksijeni tuliyonayo inakula wati 350 hivi, na umeme ukikatika usiku betri ndogo haiifikishi asubuhi. Mirija ya kulishia, vikombe, vipimajoto na vipande vya kupimia sukari, 600,000.

Mizani mbili za kidijitali zinazosoma gramu 5 ni Sh 500,000, na tunaomba msiziite anasa. Njiti akishavuka siku za mwanzo za kupungua, anatakiwa kuongezeka gramu 15 hivi kwa kila kilo yake kwa siku. Wa kilo 1.6 ni gramu 24. Mizani yetu ya kuning'iniza ina mistari ya gramu 100, kwa hiyo inachukua siku nne kutuambia kama maziwa yanamtosha. Siku ya kwanza mtoto huyo anapewa mililita 60 kwa kilo, yaani 96, zikigawanywa mara nane ni 12 kila saa tatu, karibu vijiko viwili na nusu vya chai vya dang'a, maziwa ya kwanza ya mama. Ukikosea hapo kwa siku nne, umemkosa.

Jumla ni Sh 19,300,000. Tulizonazo mkononi ni 5,150,000. Zimepungua 14,150,000.

Hatuahidi miujiza. Mtoto wa chini ya kilo 1.5, au wa chini ya wiki 32, au anayevuta pumzi kwa kukoroma na mbavu kuzama, bado atapewa rufaa. Tofauti ni kwamba atasafiri kifuani kwa mama akiwa na joto, badala ya kufika amepoa.

Kadi za harusi na za kuwacheza wali wa unyago zikija zinajibiwa, tena kwa ushindani. Hatusemi ziachwe. Tunasema tu daftari la chumba hiki lina majina machache kuliko la harusi moja tuliyohudhuria wote mwezi uliopita, na mnajijua.

Kila mchango utapewa risiti. Fedha hazitoki benki bila sahihi tatu: mwenyekiti, mhazini na mganga mfawidhi. Mapato na matumizi yatabandikwa ofisi ya kata, msikitini na kanisani kila mwisho wa mwezi. Namba ya akaunti imekwishabandikwa huko. Mlioko mbali, mwulizeni ndugu yenu aliye nyumbani, msitume kwa mtu binafsi hata akijiita mjumbe wa kamati.

Harambee yenyewe ni Jumamosi ya kwanza baada ya mnada wa pili wa korosho, uwanja wa kituo, saa nne asubuhi. Fundi anataka kuanza mapema ili amalize kabla ya mvua za Desemba, kwa hiyo wasiotegemea korosho watangulie. Mwenye mbao badala ya fedha apokelewe vilevile, zikiwa za inchi mbili kwa nne na zimekauka, ila azifikishe kabla kenchi hazijapanda.