Mzee wako na tarehe zake

Swahiba,

Salaam nyingi baada ya masiku. Sura ya kwanza ya wasifu unaouandika wa yule mzee mwanahabari nimeisoma mara mbili. Kalamu yako haina neno. Kinachonisumbua ni tarehe. Umeandika kwamba mzee aliingia gazeti la Daily News mwaka 1968. Mwaka huo Daily News halikuwapo. Kulikuwa na The Standard, lililotaifishwa Februari 1970 na kuongozwa na mhariri Frene Ginwala, na The Nationalist, gazeti la TANU alilohariri Benjamin Mkapa. Yalipounganishwa mwaka 1972 ndipo likazaliwa Daily News. Sasa mzee alitokea upande upi? Hapo ndipo wasifu wako wote ulipo, maana 1968 mwandishi wa The Standard alikuwa mwajiriwa wa kampuni binafsi na wa The Nationalist alikuwa wa chama.

Mzee hakudanganyi. Watu hukumbuka ya zamani kwa majina ya leo. Atakwambia alijiunga na CCM mwaka 1962, kumbe anasema TANU. CCM ni ya 5 Februari 1977. Usimuulize "mwaka gani?" Muulize mhariri wake alikuwa nani, ofisi ilikuwa mtaa gani, mshahara wa kwanza shilingi ngapi, mtoto yupi alikuwa bado mgongoni. Hayo ndiyo yatakayokupa mwaka.

Chukua daftari, kila mwaka ukurasa wake, kila ukurasa safu tatu: alivyosema mzee, lilivyoandika gazeti, inavyosema karatasi, yaani barua ya ajira, hati ya mshahara, pasipoti. Safu zikigombana, usichague iliyo tamu. Tia alama, uende Nyaraka za Taifa.

Na siku nazo zina mtego. Gazeti la Jumanne likisema "jana", wewe andika Jumatatu. Ukiwahoji wazee wa pwani, kumbuka kwao siku huanza magharibi: usiku wa Ijumaa ni ule unaoitangulia Ijumaa. Mapinduzi ya Zanzibar yalikuwa usiku wa kuamkia Jumapili, 12 Januari 1964. Mmoja atakwambia usiku wa Jumamosi, mwingine usiku wa Jumapili, na wote wamesema kweli.

Tahariri tatu ulizosema kaziandika mzee, zitoe. Tahariri haina jina. Huenda aliiandika naibu, huenda aliyekuwa zamu. Kama huna rasimu yenye mwandiko wake, sema "gazeti lake liliandika", basi.

Kanda usizinakili zote. Saa moja ya mahojiano hula saa nne au zaidi za kuandika. Sikiliza, andika dakika pembeni, nakili yale utakayonukuu tu. Na wanawe wakitaka kusoma mswada, wasomee maneno yao wenyewe, usiwakabidhi mswada mzima. Ukiwakabidhi, sura ya mzee kuachishwa kazi haitarudi (hilo sina haja ya kukueleza).

Sura ya pili usinitumie mpaka daftari lifike 1972.

Wasalimie nyumbani.

Nduguyo