Barua kwa mwanangu anayeondoka na kamera

Mwanangu,

Tangu uniambie mnaondoka Jumatatu sijalala vizuri. Nakuandikia manake tukiongea unanikatiza, unasema mama mbona una wasiwasi hivyo.

Ni ile video ya filamu yenu uliyonionyesha juzi, ya yule mama anayesimulia usiku walivyokuja kumchukua mumewe. Sura umeitia ukungu, vizuri. Lakini sauti ni yake vilevile, na pale anapokunja leso kidole kimoja kimepinda, na nyuma yake kuna mlango wa kijani una namba. Mimi simjui na ningefika kwake. Sasa hao waliomchukua mumewe je?

Na usinirudishe kwenye habari ya fomu ya ridhaa, najua alisaini. Mtu aliyekaa na jambo moyoni miaka yote hiyo, akipata wa kumsikiliza atasaini chochote! Mrudie, mwonyeshe filamu kabla haijatoka, akisema kata hapa, kata, hata kama ndio kipande unachokipenda kuliko vyote.

Wewe mwenyewe ndiye uliyenieleza kuhusu The Act of Killing, filamu ya 2012, ile ya mauaji ya 1965 na 1966 Indonesia, kwamba mwongozaji wake Joshua Oppenheimer kaandikwa jina lake lakini Waindonesia wengi waliofanya naye kazi, mpaka mwongozaji mwenza mmoja, hawakutajwa majina kwa usalama wao. Karibu miaka hamsini ilikuwa imepita na watu bado walikuwa wanaogopa. Hilo limenikaa. Na yule mtengeneza filamu Rithy Panh wa Kambodia, pale picha za mauaji ya kwao zilipokosekana akatumia vinyago vya udongo, na mimi nililia kwa hivyo vinyago. Kwa hiyo usiniambie bila ule mlango stori haina nguvu.

Kazi yako naipenda, nawasimulia watu mpaka wananichoka. Waliofanya yale wanaomba kila siku yasahaulike, na nyinyi mnakataa, mimi nafurahi kabisa. Ila una haraka, ukiona shoti nzuri husikii la mtu, tangu mdogo uko hivyo, na kupiga simu nyumbani ndio kabisaa umesahau.

Daftari la majina lisikae begi moja na hard disk. Disk zote weka nywila, kopi moja iache mahali pengine, na zima lokesheni ya simu kabla hamjafika kwa watu, sio mkishafika.

Chumba chako nimempa mdogo wako, ana mitihani. Betri na nyaya zako nimeziweka droo ya chini, usije ukasema zimepotea. Bomba la bafuni linavuja tena, baba yako kasema fundi asiitwe, atalitengeneza mwenyewe, tunasubiri. Naye jana usiku kaniuliza, hivi yule mama anaishi na nani pale nyumbani? Sikuwa na jibu. Wewe unalo?

Nenda kwake kabla ya Jumatatu, halafu unipigie.

Mama