Barua kwa vijana wa hadithi ya Fundi wa Pangoni

Wajukuu zangu wa kijiwe cha hadithi, Ngamiani, Tanga.

Shikamoo zenu nimezipokea, marahaba. Juzi mliniachia daftari mkasema, "Babu, soma utuambie." Nimesoma mara mbili. Mara ya pili nilivaa kile kioo changu cha jichoni cha kutazamia saa, maana mwandiko wa mmoja wenu ni wa sisimizi waliotumbukia wino. Najibu hadharani kwa sababu naona vijana wengi siku hizi waandika visa vya ajabu, na huenda maneno haya yakamfaa na mwingine.

Kwa asiyeisoma: katika mji wao wa kubuni, ambako bahari haipwi kamwe, yupo Fundi asiye na jina aliyejifungia pangoni miaka arobaini. Ameunda dau linalokwenda juu ya mchanga, taa inayokula kivuli cha mwenye taa badala ya mafuta, na saa nyingi, mojawapo ikimpa mgonjwa mahututi usiku mmoja wa ziada. Hapokei mgeni. Siku anapokufa mji mzima walia, wamjengea mnara, hadithi ikaisha.

Taa ile msiiguse. Mtu kutembea juani hana kivuli kwa sababu alisoma sana usiku, hilo limeninyima usingizi.

Pango lenyewe, nani wa Tanga asiyejua mmelitoa wapi? Mmeweka popo wanaotoka jua likizama, mmeweka na chumba cha mzimu ambako watu hupeleka sadaka. Ni mapango ya Amboni tupu. Sisi udogoni tuliambiwa pango lile lafika Mombasa. Mwaka 1994 wakaja watafiti wakapima, na lililo refu kuliko yote halikutimia kilomita moja. Je, maneno yalikoma? Thubutu! Na Osale Otango, aliyejificha humo miaka ya 1950 akisakwa na serikali ya Waingereza, hadi leo masimulizi yake yana uchawi kuliko historia. Mtu akishajificha, walio nje humvika wanachotaka.

Ninyi mmekosa hapo. Uchawi wa Fundi mwautangaza wenyewe, ukurasa wa kwanza, kama mpiga mbiu. Mwacheni avikwe na majirani. Muuza samaki aseme lake, wazee wa kwenye kahawa waseme lao, wasielewane, na msomaji abaki kujiuliza mle pangoni mna nini.

Tena hamkusema kwa nini alijifungia. Watu hawajifungii bure, wanangu. Yupo Ibn al-Haytham, mwanachuoni wa kale wa Basra, aliyesema angeweza kuyatawala maji ya mto Nili. Khalifa al-Hakim akamwita Misri: haya, fanya. Akapanda na mto hadi juu kusini, akaona majengo makubwa ya watu wa kale, akajiuliza: hawa waliojua ujenzi kiasi hiki, kama jambo lingewezekana wasingelifanya? Akarudi mikono mitupu mbele ya mtawala asiyetabirika. Wanahistoria wa zamani wasimulia kwamba alijifanya mwendawazimu, akafungiwa nyumbani, na akili hazikumrudia mpaka al-Hakim alipotoweka mwaka 1021. Aibu, hofu na ahadi iliyomshinda. Mpeni Fundi wenu kitu cha namna hiyo tuweze kumhurumia.

Huyohuyo Ibn al-Haytham ndiye aliyechunguza mwanga unavyopita kwenye tundu dogo na kuingia chumba cha giza. Nami nalijua tundu hilo. Dirisha la bibi yangu lilikuwa la mbao, lina tundu la msumari. Mchana wa jua kali, dirisha limefungwa, nikaona barabara nzima ukutani, imepinduka: baiskeli magurudumu juu, mwuza maji kichwa chini. Bibi akanifunika macho kwa kanga, akasema ni mashetani yapita. Nilikuwa mtu mzima nilipojua kuwa jambo lile lilikwisha kuchunguzwa karibu miaka elfu kabla yangu. Na niwaambieni kweli, nilipojua halikupungua utamu.

Kwa hiyo msiogope kueleza vyombo vyake vinavyofanya kazi. Tazameni saa ya tembo ya al-Jazari, aliyekuwa fundi wa watawala wa Diyarbakır, Uturuki ya leo. Tumboni mwa tembo mna tangi la maji, na ndani yake bakuli lenye tundu laelea. Nusu saa ikitimia bakuli limejaa, lazama, lavuta kamba. Juu gololi yaachiwa, yaangukia kinywani mwa joka, joka lainama kwa uzito wake na kuliinua bakuli upya. Sanamu ya mwenye tembo yapiga, ya ndege yalia. Aliyeiona mara ya kwanza bila shaka alisema ni jini. Lakini gololi zikiisha joka halisogei. Lazima awepo mtu wa kuzirudisha juu.

Sasa ile saa yenu. Usiku wa ziada watoka wapi? Nani apungukiwa? Na Fundi akishakufa, nani anaitia ufunguo? Mmejenga mnara, watu wamelia, na saa yaendelea tu kama mto. Nimetengeneza saa tangu ujana wangu, sijaona inayokwenda kwa machozi.

Nami nina langu la kusema hapa, na si la kujivunia. Aliyenifunza kazi alikuwa na mikono ya ajabu. Kila alipofika kwenye springi nyembamba kama unywele, ile ya gurudumu la balansi linaloshika mwendo wa saa, alinipa mgongo. Alipofariki tulikuta droo imejaa vikaratasi vyenye alama alizozijua peke yake. Hatukuambulia hata kimoja. Miaka mingi nililalamika kwa kila aliyenisikiliza. Kisha nikapata mwanafunzi, kijana mwepesi, na kila nilipofika kwenye springi ileile nilimtuma chai. Leo nasema nilikuwa na kiu. Kiu gani ya miaka minne? Alichoka akaenda kuendesha bodaboda, na mie macho sasa hayaoni tena kazi ile.

Al-Jazari alikuwa na bwana wa kumpendeza na siri za kumlindia kibarua, lakini kufikia mwaka 1206 alikwisha kuchora na kueleza vyombo hamsini, sehemu kwa sehemu, ili mwingine aweze kuviunda. Ndiyo maana tembo yule amejengwa upya katika zama zetu, naye fundi wake amelala kaburini miaka mia nane.

Ndipo nawarudisha ukurasa wenu wa kumi na moja. Pana msichana aletaye uji kila alfajiri, auweka mlangoni mwa pango, aondoka. Mistari miwili, basi, hamkumtaja tena. Miaka arobaini hawezi kubaki msichana, hilo mlirekebishe. Lakini fikirini: mtu huyo amezisikia saa zile kila siku akiwa nje ya mlango. Ajua ipi yachelewa, ipi ina jino lililovunjika, kwa sauti tu. Fundi akifa, mji ukikimbilia kuchonga mawe ya mnara, siku ya nane saa zaanza kusimama mojamoja. Yeye ndiye atakayeukuta ukimya. Ataingia? Atakuta michoro, au vikaratasi kama vya mwalimu wangu? Anzeni hapo. Mnara uleteni mwishoni au mwuache kabisa.

Njooni Jumamosi baada ya alasiri na daftari lenu. Nimeifungua ile saa ya ukutani ya marehemu mke wangu, springi iko juu ya meza, na mmoja wenu mwenye macho mazuri atashika kibano. Yule wa bodaboda nimemwita pia. Chai nitaiagiza kabla hamjafika.

Babu yenu, fundi saa.