Ningu alijulikana kabla ya 1901

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi nilalamikie neno moja: "amegundua". Mtaalamu akimpa samaki wa Ziwa Victoria jina la kisayansi, magazeti huandika kwamba amemgundua, kana kwamba kabla yake hakuna aliyewahi kumtia chunguni. Wasomaji nao wakikasirika huteleza upande wa pili: wanataka jina la Mzungu lifutwe, wakiliona kama hati ya kumiliki samaki.

Mchukueni ningu. Vitabuni ni Labeo victorianus Boulenger, 1901. Boulenger alikuwa mtu wa makumbusho ya London, akifanyia kazi samaki waliohifadhiwa. Aliandika umbo la huyu, akamtenganisha na jamaa zake, akachapisha jina. "Boulenger, 1901" inasema hayo tu. Kwamba mvua zikishika ningu hupanda mitoni kutaga, na kwamba ukitanda nyavu mdomoni mwa mto msimu huo unambeba kabla hajaacha mayai, hayo hayamo kabisa katika jina hilo. Aliyeyajua ni aliyekuwa mtoni.

Dagaa ni Rastrineobola argentea (Pellegrin, 1904). Mabano hayo yana maana: Pellegrin alimweka katika jenasi (kundi la spishi za karibu) ya Neobola, wengine wakamhamisha baadaye. Ukiyaacha, umesema Pellegrin ndiye aliyemweka alipo leo, na si kweli. Mfano mzuri zaidi tunao kwenye miamba ya Ghuba ya Mwanza, furu aliyepewa jina la Mwalimu Nyerere. Walioeleza habari zake mwaka 1985 ni Witte-Maas na Witte, wakamwita Haplochromis nyererei. Anayemhamishia jenasi ya Pundamilia huwatia waandishi hao katika mabano. Anayemwacha Haplochromis huwaandika bila mabano. Mwalimu katunukiwa jina, lakini si yeye mwandishi wake. (Nimeona ripoti iliyochanganya hata hilo.)

Kanuni za kimataifa za majina ya wanyama hazina makuu. Mwandishi ni yule aliyelichapisha jina pamoja na maelezo yanayotakiwa. Jina lake si sehemu ya jina la samaki, na kulitaja ni hiari. Kwa spishi mpya zilizochapishwa baada ya 1999, lazima pia ataje holotaipu, yaani samaki mmoja aliyeteuliwa kuwa kipimo cha jina hilo, au sintaipu, yaani samaki kadhaa wanaofanya kazi hiyo kwa pamoja. Mwenye shaka anaweza kwenda kufungua chupa alimohifadhiwa akamkagua. Kosa likionekana, lina mtu wa kuulizwa.

Maarifa ya mwaloni, ufukweni wanakotua wavuvi, ndiyo hayana wa kuulizwa. Ripoti inaandika "wenyeji walisema sato wamepungua". Wenyeji gani, lini, wa mwalo upi, wanatumia wavu wa inchi ngapi? Na sato yupi? Anayeuzwa sana leo ni Oreochromis niloticus, aliyeletwa ziwani miaka ya 1950. Mzee anayezungumzia sato wa zamani huenda anamaanisha esculentus au variabilis, wale wa asili. Sentensi moja imebeba samaki watatu, na aliyeisema hajulikani, kwa hiyo hakuna pa kwenda kuuliza. Furu ndiyo balaa zaidi: neno moja kwa mamia ya spishi.

Dawa yake ni kazi ya dakika kumi. Andika jina la samaki kama lilivyotamkwa, na lugha yake, maana Kisukuma, Kikerewe na Kijita havikubaliani kila mara. Andika aliyekuambia, ukimwomba ruhusa kwanza, kisha mwalo, tarehe, kina na wavu. Mpige samaki picha ubavu wa kushoto, rula ikiwa pembeni. Ukimhifadhi, kata kipande kidogo cha pezi ukitie kwenye alkoholi ya asilimia 95 kabla hujagusa fomalini, kwa sababu fomalini huharibu vinasaba. Ndipo samaki mwenyewe aingie katika fomalini, sehemu moja kwa maji sehemu tisa, na fomalini ikishampenya hadi ndani aoshwe na kuhamishiwa alkoholi ya asilimia 70. Lebo iandikwe kwa penseli na ikae ndani ya chupa. Wino wa kalamu ya kawaida huyeyuka kwenye alkoholi, na lebo ya nje hubanduka. Baada ya hapo una samaki asiye na kwao.

Kuhusu nani awe mwandishi wa ripoti, kuendesha mtumbwi na kuonyesha njia kunastahili shukrani zenye jina kamili, siyo "wavuvi wa eneo". Lakini mvuvi aliyelileta swali lenyewe, akafafanua kilichoonekana, akasomewa rasimu akaikubali na yuko tayari kuitetea, jina lake likae juu pamoja na ya wasomi, hata kama hakushika kalamu. Wapo watakaokataa, na wana sababu: ukichapisha mahali sato wanapozalia, kesho yake kuna kokoro, wavu wa kukokota, pale. Hapo unaficha mahali, na jina la mtu pia akitaka.

Kwenu wahariri ombi ni dogo. Badala ya "amegundua", andikeni "amempa jina la kisayansi". Na mwandishi wenu akishamaliza na mtaalamu, ashuke mwaloni aulize samaki huyo huitwaje na nani humvua.

Msomaji wenu,
Nyegezi, Mwanza