Barua ya wazi kwa Waziri wa Katiba na Sheria: hiyo sheria mama inaishia wapi?

Mheshimiwa Waziri, shikamoo.

Natumaini u mzima na majukumu yanakwenda. Sikupanga kukuandikia hadharani hivi, nilishaandika kwa njia za kawaida kwa wahusika wa huku chini kuhusu vibanda vyetu kubomolewa na mali kubebwa, barua ikapokelewa ikagongwa muhuri na nakala ninayo, jibu tu ndio halijafika, na huku mtaani tunajua kwamba muhuri wa kupokelewa ndio jibu lenyewe. Basi nimeona bora niandike hapa, labda mtu atakusomea.

Alhamisi kulikuwa na mkutano wa elimu ya uraia hapa kwetu. Mgeni rasmi alikuja akaongea vizuri sana, akasema Katiba ndiyo sheria mama, akaongeza na lile neno la wasomi, grandnomu, kwamba hakuna sheria wala mtu aliye juu yake. Tukapiga makofi, hata mimi nilipiga tena kwa nguvu. Ijumaa jioni wakaja vijana na kopo la rangi nyekundu wakachora X kwenye vibanda vyote vya upande wetu. Jumamosi saa 11 alfajiri greda likawa limeshafika, na mgambo, na lori. Mahakama gani inafunguliwa Jumamosi saa 11 alfajiri, Mheshimiwa? Hata angekuwa wakili ana mbio namna gani angemkuta nani?

Halmashauri siitaji jina, sitaki ugomvi zaidi ya nilionao. Ila nilimuuliza yule aliyekuwa anasimamia, kwa adabu kabisa, nikamwambia mbona Katiba ibara ya 13(6)(a) inasema mtu akitaka kuamuliwa jambo la haki zake anapewa nafasi ya kusikilizwa kwa ukamilifu, na ya 24 inalinda mali ya mtu. Akacheka. Akasema mama, hayo ya Katiba ni ya kule Dodoma, hapa tunatekeleza sheria ndogo. Wakapakia kila kitu kwenye lori, mashine ya fotokopi, rimu za karatasi, mashine ya kulamineti, kalamu, madaftari, na vile vitabu vya Katiba nilivyokuwa nauza. Yaani sheria mama ilikamatwa na sheria ndogo, ikarushwa juu ya lori na mgambo aliyevaa kandambili, na hakuna aliyeandika risiti.

Usishangae mtu wa kibandani kujua habari za grandnomu. Mimi nilikuwa na steshenari jirani na chuo, kazi yangu kubwa ni kutoa madesa, yaani nakala za masomo, ya wanafunzi wa sheria, shilingi 100 ukurasa, na mashine yangu ni ya zamani inatoa karatasi moja moja kwa kujisikia, sasa wakati unaisubiri unafanya nini, unasoma. Nimesoma madesa ya mikataba, ya jinai, ya ardhi, na lile somo la falsafa ya sheria ambalo wanafunzi wenyewe wanalikimbia mimi ndio nililipenda. Humo ndio nilikutana na huyu mzee Hans Kelsen, aliyezaliwa Prague 1881 na akaisaidia Austria kuandika katiba yake ya 1920. Neno ni la kwake, la Kijerumani, grundnorm, wasomi wetu ulimi umelizoea kwa grandnomu na mimi naandika hivyo hivyo.

Sasa huyu mzee anachosema ni hivi, nitakielezea kwa mambo yangu maana ndio nayajua. Mgambo ananiambia toa vitu. Namuuliza kwa amri ya nani, anasema ya mkubwa wake. Mkubwa wake kaipata wapi, kwenye sheria ndogo. Sheria ndogo nguvu yake iko wapi, kwenye sheria ya mamlaka za miji ya 1982, Sura ya 288. Hiyo ilitungwa na Bunge, na Bunge limepewa kazi hiyo na Katiba ya 1977. Haya, na Katiba ya 1977 nani kaipa nguvu? Hapo ndio watu wanaanza kuangaliana. Ilipitishwa Aprili 1977 na Bunge Maalum, sisi wananchi hatukupigia kura ya maoni. Nyuma yake ipo katiba ya muda ya 1965, nyuma yake Muungano wa 1964, halafu Jamhuri ya Tanganyika 1962, halafu uhuru wa 1961 ambao kisheria ulikuja na karatasi za kutoka London. Na kwa upande wa Zanzibar ule mnyororo ulikatwa Januari 1964, Mapinduzi, ukaanza mwingine kabisa. Ukirudi nyuma hivyo hivyo unafika mahali karatasi zimeisha. Kelsen anasema pale zinapoisha kuna kitu ambacho hakijaandikwa na mtu, ni sisi tu tunachukulia kwamba ile katiba ya kwanza inatakiwa kutiiwa. Hicho ndio grandnomu. Kwa hiyo mgeni rasmi alipoinua kile kitabu akasema hii hapa ndiyo grandnomu, alikuwa ameinua kitu kingine, ila sio kosa la kufa mtu, hata mahakamani wanasheria wetu wanasema hivyo hivyo, imeshazoeleka na mimi sigombani na mazoea.

Ninachogombana nacho ni sehemu ya pili ambayo kwenye hotuba huwa haifiki. Kelsen aliweka sharti. Alisema huo mfumo wote wa sheria unahesabika kuwa halali pale tu ambapo kwa ujumla wake unafuatwa kweli. Watu wakiacha kuufuata, umekwisha, hata kitabu kiwe na jalada zuri namna gani. Na hii sio stori ya Ulaya. Jirani zetu Uganda mwaka 1966, Obote, waziri mkuu wao, alifuta katiba ya uhuru, wabunge wakapitisha mpya Aprili 15 bila kuijadili, nakala wakaambiwa watazikuta kwenye visanduku vyao vya barua. Chifu mmoja wa Buganda, Matovu, akawekwa kizuizini, akaenda mahakamani, na Jaji Mkuu Udo Udoma na wenzake wakamfungua Kelsen, wakasema mapinduzi yamefanikiwa, katiba mpya inafuatwa, basi ni halali. Walifuata kesi ya Pakistan ya 1958, ile ya Dosso, ambayo Wapakistani wenyewe walikuja kuitupa 1972. Mimi nikisoma pale, mashine inatoa karatasi, nikawa najiuliza, kumbe hili neno zuri limetumika kumhalalisha mwenye nguvu? Sasa kama linaweza kumbeba mwenye nguvu, kwa nini lisinibebe na mimi?

Maana Mheshimiwa, tukiacha usomi, anayefuata ni nani? Ni mimi. Kile kitambulisho cha wajasiriamali cha elfu 20 nililipia na ninacho. Ushuru nalipa. Nikiambiwa sogea ndani mita mbili nasogea. Nikiambiwa nunua ndoo ya taka nanunua. Mfumo mzima huo unaosimama Dodoma unasimama kwa sababu mtu wa chini anatii kila siku bila kuuliza, yaani sisi ndio tunaoishikilia hiyo grandnomu yenu mikononi, halafu anakuja mtu wa serikali hiyo hiyo ananiambia Katiba ni ya kule. Ibara ya 26 inasema kila mtu ana wajibu wa kufuata na kutii Katiba hii. Kila mtu. Sijaona mahali imeandikwa isipokuwa mwenye greda. Na ya 146 inasema madhumuni ya kuwapo serikali za mitaa ni kupeleka madaraka kwa wananchi. Sawa, kwetu yaliletwa, alfajiri, yakiwa na taa mbele.

Kwa nini wametubomolea sijui kwa hakika. Wapo wanaosema kuna ziara ya mkubwa, wapo wanaosema panawekwa stendi ya bajaji, na wapo wanaosema mwenye zile fremu mpya nyuma yetu alikuwa analalamika tunamzibia wateja. Mimi sisemi kitu, ila fremu mbili kati ya zile zimeshapata wapangaji wa steshenari.

Utaniambia niende mahakamani. Ndio, ibara ya 26(2) inasema kila mtu ana haki ya kuchukua hatua za kisheria kuhakikisha hifadhi ya Katiba. Ila mnajua mlichofanya 2020. Ile sheria ya kutekeleza haki za msingi, Sura ya 3, ikarekebishwa, mtu akitaka kwenda kuitetea Katiba ikawa lazima ale kiapo aonyeshe yeye binafsi kaathirikaje. Zamani mtu au asasi ingeweza kusimama kwa niaba ya vibanda vyote, baada ya hapo mlangoni tukawa tunaulizwa mmoja mmoja wewe binafsi umeumia wapi. Haya, mimi nimeumia binafsi kabisa, sikatai, lakini mwenzangu wa chipsi hajui kusoma na wa viatu kashahama kaenda kwao Singida. Na wakili anataka hela. Hela iko kwenye lori.

Na hata ukishinda, vipi? Mchungaji Mtikila alikwenda na suala la mgombea binafsi, yaani mtu kugombea bila chama, Mahakama Kuu 1994 ikasema haki hiyo anayo. Mwaka huo huo Bunge likaibadilisha Katiba yenyewe kuifunga. Akarudi, 2006 Mahakama Kuu ikasema tena anayo, 2010 Mahakama ya Rufani ikasema hilo ni la Bunge, mpaka mahakama ya Afrika pale Arusha, Juni 2013, ikasema haki imevunjwa. Mpaka leo mgombea binafsi yuko wapi? Sasa niambie Mheshimiwa, kama mtoto, yaani Bunge, anaweza kumbadilisha mama kila mama anaposema kitu asichokipenda, mama ni nani hapo?

Na msituambie tusubiri katiba mpya. Hiyo tumeisubiri. Tume ya Jaji Warioba ilizunguka nchi nzima 2012 kukusanya maoni, hapa walifika na mimi nilisimama kwenye kipaza nikasema langu, kuhusu wafanyabiashara wadogo wasikilizwe kabla ya kuhamishwa, nikaandikwa. Rasimu ikatoka, Bunge Maalum likakaa 2014, watu wakatoka nje, waliobaki wakapitisha Katiba Inayopendekezwa Oktoba, tukaambiwa kura ya maoni ni Aprili 30, 2015. Ikaahirishwa kwa sababu daftari la wapiga kura halijakamilika. Daftari likakamilika, tukapiga kura za Rais, tena na tena, kura ya maoni ndio haijakamilika. 2022 kikosi kazi cha Profesa Mukandala kikasema mchakato ufufuliwe. 2023 wizara yako ikatangaza elimu ya katiba kwa wananchi, miaka mitatu, kwamba tuielewe kwanza iliyopo. Nilifurahi nikasema sawa, niliagiza vitabu nikaviweka mbele kabisa ya kibanda watu wavione. Mimi nimeielewa. Nimeielewa mpaka vifungu. Anayehitaji ile elimu ya miaka mitatu ni yule wa kandambili na yule aliyemtuma, na hao hamjawaita kwenye semina hata moja, mnatuita sisi tuliokwisha kujua tunachonyimwa.

Sasa nilikuwa nimeorodhesha mengi ya kuomba. Kwamba tupewe tarehe ya kura ya maoni. Kwamba yale marekebisho ya 2020 yaondolewe. Kwamba kila halmashauri ipelekewe waraka wa ukurasa mmoja tu, useme hakuna kubomoa wala kubeba mali ya mtu kabla hajaitwa akasikilizwa, na notisi isitolewe Ijumaa jioni. Nimesoma tena nikaona ukiyapata yote matatu utayapeleka kwenye kikao, na kikao kitaunda kamati, na mimi nina mkopo wa vikoba ambao hausubiri kamati, wenzangu wananidai kila Jumapili na wao wana haki yao, na mtoto wa kidato cha tatu karudishwa nyumbani kwa michango.

Basi nayaacha hayo kwa wenye nafasi. Naomba moja. Piga simu, wewe una namba zao zote, waambie watoe orodha ya vitu walivyobeba Jumamosi ile, kwa maandishi, kila mtu na vyake, na waseme vipo wapi. Mashine yangu ina mkwaruzo ubavuni na trei ya chini imefungwa kwa gundi ya karatasi, haipotei hata ikiwa kati ya mia. Wakidai faini waniletee kifungu cha hiyo faini nikisome, nitalipa, mimi natii sheria, nimeshaeleza hapo juu. Ila orodha kwanza. Orodha, Mheshimiwa, na iwe na sahihi ya mtu mwenye jina.

Wako mtiifu (kama kawaida),
Mama Steshenari

Nakala: hakuna. Mashine ya kutolea wanayo wao.